Nane, nane, nane, tano: namna Wamalayali wanavyoimba hadithi

*Samayamaayilla polum, samayamaayilla polum,*
*kshamayente hridayathilozhinju thozhi.*

"Wakati haujawadia, eti! Wakati haujawadia, eti! Subira imenitoka moyoni, shoga."

Hayo ni maneno ya Vasavadatta, kahaba mwenye mali wa mji wa Mathura, akimlalamikia msichana aliyemtuma kwa Upagupta, kijana mtawa wa Kibudha, akamrudia na jibu lile lile. Utungo huo unaitwa Karuna, yaani Huruma. Mtunzi wake ni Kumaran Asan, mshairi wa Kimalayalam, na ulitoka 1923. Hadithi ni fupi. Vasavadatta anapokuwa na uzuri na mali, mtawa haendi. Siku anapokatwa viungo na kutupwa mahali pa kuchomea maiti, ndipo mtawa anakwenda, anakaa naye, anamtuliza mpaka roho inatoka. Wakati umewadia.

Kabla ya maana tuhesabu silabi, maana Kerala, nchi ya Wamalayali huko India, hadithi ya shairi haishikiki bila hesabu. Sa-ma-ya-maa-yil-la-po-lum: nane. Inarudiwa: nane tena. Ksha-ma-yen-te-hri-da-yath-thi: nane. Lo-zhin-ju-tho-zhi: tano. Mshororo wa kwanza una silabi 16, wa pili 13, na yote miwili inatua kwenye silabi ya nane. Bahari hii, yaani kipimo hiki cha shairi, inaitwa nathonnatha, maana yake iliyoinama na kuinuka.

Ukishaijua nathonnatha kwa sikio utaikuta pengi usipoitarajia. Utaikuta mtoni, wapiga makasia wakiimba. Utaikuta katika nyumba za Wakristo Ijumaa Kuu. Utaikuta hapa kwa Asan, akisimulia habari ya Kibudha. Dini tatu, kazi tatu, mapigo yale yale. Ndiyo sababu naona vibaya mtu anapofundisha ushairi wa kusimulia wa Kimalayalam kwa orodha ya majina na karne peke yake. Majina yanafaa, lakini kilichobeba hadithi hizi kwa zaidi ya miaka 700 ni bahari zake, na bahari hizo zilitengenezwa kwa ajili ya koo, mkono na pumzi.

Kimalayalam ni lugha ya Kerala, ule ukanda mwembamba wa kusini-magharibi ya India ambao mabaharia wetu waliuita Malabari. Sensa ya India ya 2011 ilihesabu karibu watu milioni 35 wenye lugha hiyo. Aliyeziandika kanuni za bahari zake kwa namna inayosomeka mpaka leo ni A. R. Raja Raja Varma (1863–1918), katika kitabu chake Vrittamanjari. Uzuri wa kitabu hicho ni kwamba kanuni nyingi zimetungwa kwa bahari ile ile inayoelezwa. Ukiikariri kanuni ya namna hiyo umekariri na mfano.

Hapa Mswahili anahitaji kupunguza mwendo. Sisi katika mizani hatubagui. Silabi ni silabi, utenzi ni nane kwa kila kipande, basi. Wamalayali wana silabi nyepesi na silabi nzito. Nyepesi ni konsonanti na irabu fupi: ka, ti, mu. Nzito ni yenye irabu ndefu: kaa, tii, au yenye irabu fupi ikifuatwa na konsonanti mbili, kama *am* katika neno *amma*, mama. Nyepesi ni pigo moja, nzito ni mapigo mawili. Pigo hilo linaitwa matra. Kwa hiyo bahari nyingine zinahesabu silabi, nyingine zinahesabu matra, na nyingine zinataka vyote viwili.

Kanuni ya nathonnatha inasema: jozi nane za silabi katika mshororo wa kwanza, jozi sita na nusu katika wa pili, kituo kwenye silabi ya nane, na silabi zote ziwe nzito. Sasa rudi kwa Vasavadatta. *Samaya*: sa, ma, ya. Zote tatu nyepesi! Mwanzo wa utungo mzima ni mbaya zaidi kwa macho ya hesabu: *Anupamakripaanidhi*, silabi nane, na iliyo nzito ni *paa* peke yake. Je, Asan alikosea?

Hakukosea. Kosa hili ndilo la kwanza la kila anayejifunza: kuhesabu kwa karatasi. Raja Raja Varma mwenyewe aliliwekea kanuni. Katika bahari za asili za Kimalayalam sauti ndiyo hakimu. Silabi nyepesi yaweza kuvutwa ikawa nzito, na ndefu yaweza kufupishwa panapohitajika. Anayeimba *samaya* anaivuta *sa*, anaivuta *ma*. Ukisoma kama taarifa ya habari, shairi linavunjika mikononi. Ukiimba, linasimama.

Namna ya kujifunza ni hii. Weka kiganja pajani. Piga mara moja kwa kila silabi mbili. Mshororo wa kwanza utakuwa na mapigo manane ya kiganja, manne kabla ya kituo na manne baada yake. Mshororo wa pili utaanza vile vile, manne, lakini nusu yake ya pili inaisha mapema: jozi mbili, halafu silabi moja peke yake. Endelea kupiga mpaka nane hata kama maneno yamekwisha. Utaona nafasi ya silabi tatu imebaki wazi. Hapo ndipo mwimbaji anavuta pumzi, na hapo ndipo waitikiaji wanaingia. Usiijaze. Wengi wanaojifunza huharakisha kuanza ubeti unaofuata, wakalifukia bonde hilo la silabi tatu.

Sasa liweke bonde hilo kwenye mashua. Nathonnatha ni bahari ya vanchippattu, nyimbo za mashua. *Vanchi* ni mashua, *pattu* ni wimbo. Ramapurathu Warrier, katika karne ya 18, aliitumia kusimulia habari ya Kuchela, maskini anayemwendea rafiki yake wa utotoni, mungu Krishna wa Wahindu, akiwa na zawadi ya pepeta tu ndani ya kitambaa. Mapokeo yanasema mtunzi alikuwa maskini kama Kuchela wake, na kwamba aliutunga utungo huo akiwa ndani ya mashua pamoja na Marthanda Varma, mfalme wa Travancore. Aliporudi kwake akakuta mfalme amemjengea nyumba, kama Krishna alivyomfanyia Kuchela. Tungo za namna hii huimbwa mpaka leo katika mto Pampa, huko Aranmula, msimu wa Onam, sikukuu ya mavuno, kwenye mashua ndefu zinazobeba watu wapatao mia moja. Mmoja anatoa mshororo, wote wanaitikia *thei thei thaka thei thei thom*, na kasia linakwenda na pigo.

Halafu iweke bahari hiyo hiyo kwenye kilio:

*Amma kanyaamanithante nirmala duhkhangalippol*
*nanmayaale manassuttu kettukondaalum.*

"Huzuni safi za Mama, kito cha mabikira, sasa zisikilizeni kwa wema na kwa moyo wote." Hesabu mwenyewe: nane, nane, nane, tano. Hiki ni kilio cha Mariamu chini ya msalaba, sehemu ya kumi na mbili ya Puthen Pana, utungo wa maisha ya Yesu. Aliyeutunga alikuwa Mjerumani, padri Mjesuti Johann Ernst Hanxleden (1681–1732), ambaye Wakerala wanamwita Arnos Pathiri. Alijifunza Kimalayalam na Kisanskriti vya kutosha kutunga ndani ya arudhi za wenyeji, wala hakuleta tenzi za Ulaya akazitafsiri. Sehemu nyingi za utungo zina bahari nyingine yenye mwendo wa haraka. Alipofika kwenye kilio cha mama alibadili, akaichukua nathonnatha. Hilo bonde la silabi tatu, ambalo mtoni ni nafasi ya kasia, hapa ni nafasi ya kwikwi. Sijui padri gani mwingine wa zama zake aliyesikia lugha ya watu kwa kina namna hiyo.

Tazama pia vina, maana Mswahili atavitafuta mwishoni asivione. *Amma*, *nanma*. *Samaya*, *kshama*. *Anupama* ya mshororo wa kwanza wa Karuna inajibiwa na *jina* ya mshororo wa pili. Kina kiko kichwani mwa mshororo, kwenye silabi ya pili: ma na ma, nu na na. Hiki kinaitwa etuka kwa jina la kale, na ni urithi wa upande wa Kitamil. Pamoja nacho kuna mona, yaani kurudiarudia sauti ya mwanzo. Kazi yake ni tofauti na ya kina chetu. Kina cha mwisho kinafunga mlango. Kina cha mwanzo kinaufungua, na msimuliaji anayesahau mshororo wa pili anakumbushwa na silabi ya pili ya wa kwanza. Mwishoni mwa karne ya 19 na mwanzoni mwa karne ya 20 wasomi wa Kerala waligombana vikali juu ya kina hiki. Kerala Varma Valiya Koyi Thampuran alikitetea. Raja Raja Varma, mpwa wake, alisema kisilazimishwe, kwa kuwa mtunzi anayekifukuza kina huiacha maana nyuma. Waliojua magomvi yetu ya miaka ya 1970 kati ya wanamapokeo na wanamabadiliko watayatambua maneno hayo mara moja.

Turudi nyuma kidogo. Utungo mrefu wa kale unaosomwa mpaka leo ni Ramacharitam, beti 1,814, wa karne ya 12 au 13, ukisimulia vita vya mfalme Rama na Ravana, jitu la Lanka. Uliandikwa kwa sauti za Kidravidi tupu, yaani za lugha za kusini ya India. Neno la Kisanskriti likiingia lilibadilishwa likae mdomoni mwa wenyeji. Wakati huo huo kulikuwa na mkondo mwingine, manipravalam, "yakuti na marijani", ambao ulichanganya Kimalayalam na Kisanskriti bila kukibadilisha Kisanskriti. Katika karne ya 15 akaja Cherusseri na Krishnagatha. Inasimuliwa kwamba mfalme wake alikuwa akicheza sataranji na karibu ashindwe. Mkewe, akimbembeleza mtoto, akaingiza ndani ya bembelezi neno la kumwambia asukume kitunda. Mfalme akashinda, akamwagiza Cherusseri atunge habari za Krishna kwa sauti ile ile ya bembelezi. Iwe kweli au isiwe, bahari ya utungo huo, manjari, kweli ina mwendo wa kubembea: silabi 12, kisha 10.

Lakini aliyeifanya hadithi ya shairi kuwa kitu cha kila nyumba ni Thunchaththu Ezhuthachan, katika karne ya 16. Jina lake ni cheo: *ezhuthu* ni maandishi, *achan* ni baba. Ramayana yake, yaani habari za Rama, ni kilippattu, wimbo wa kasuku, kwa sababu anayesimulia ni kasuku. Mtunzi anamkaribisha ndege, anamwomba aseme, kisha yeye mwenyewe ananyamaza:

*Sreeraamanaamam paadi vanna painkilippenne,*
*sreeraamacharitham nee cholleedu madiyaathe.*

"Ewe kasuku, msichana kijani, uliyekuja ukiliimba jina la Sri Rama, zisimulie habari za Sri Rama bila uvivu."

Hii ni keka, bahari ya silabi 14. Imegawanywa katika mafungu sita: tatu, mbili, mbili, tatu, mbili, mbili. Kituo kiko katikati, saba kwa saba. Kila fungu liwe na silabi moja nzito angalau, na mishororo miwili ianze kwa uzito ule ule: ukianza kwa nzito, wa pili nao uanze kwa nzito. Igawe: *sree-raa-ma / naa-mam / paa-di // van-na-pain / ki-lip / pen-ne*. Sasa lichunguze neno *painkilippenne*. Ndani yake mna matatu: *pai*, kijani au changa, *kili*, ndege wa jamii ya kasuku, *penne*, ewe msichana. Yalipoungana, *p* ya *penne* ikawa mbili, na *li* iliyokuwa nyepesi ikawa *lip*, nzito, na fungu la tano likapata silabi nzito lililoihitaji. Hili ndilo kosa la pili la wanafunzi: kuyatenganisha maneno ili wayaelewe, kisha kusahau kuyaunganisha kabla ya kuhesabu. Tenganisha kwa ajili ya maana, unganisha kwa ajili ya mizani.

Kwa nini kasuku? Wapo wasemao ni unyenyekevu wa mtunzi. Wapo wasemao ni heshima kwa Shuka, mjuzi anayesimulia Bhagavata, kitabu cha habari za Krishna, ambaye jina lake ni kasuku kwa Kisanskriti. Wengine wanasema mtu ambaye tabaka lake halikuruhusiwa kuishika elimu takatifu aliiweka kinywani mwa ndege. Wafasiri wengi wanamruka kasuku ili waifikie hadithi haraka. Ni hasara kubwa, maana kila sehemu ya utungo inaanza kwa kumwita upya, na bahari inabadilika pale pale anapoitwa. Sehemu ya utoto wa Rama ni keka. Sehemu ya Ayodhya, mji wa Rama, ni kakali, mafungu manne ya silabi tatu, kila fungu matra tano. Ukifika sehemu iitwayo Sundara Kanda, ambapo tumbili Hanuman anaruka maji ya bahari kwenda Lanka, kasuku anaitwa hivi: *sakalashukakulavimalathilakithakalebare*. Zihesabu: silabi kumi na tano nyepesi mfululizo kabla ya nzito ya kwanza. Hii ni kalakanchi. Muda ni ule ule wa kakali, matra ishirini, lakini ndani yake silabi zimejaa 18 badala ya 12. Ulimi unakimbia kabla hata Hanuman hajanyanyua mguu.

Ramayana hii husomwa nyumbani mwezi wa Karkidakam, toka katikati ya Julai hadi katikati ya Agosti, mwezi wa mvua kubwa na kazi chache shambani. Taa ya shaba inawashwa, kitabu kinawekwa mbele yake, mtu mmoja anasoma kwa sauti ya kuimba. Sehemu sita zinagawanywa ili zimalizike mwezi unapokwisha. Msomaji mzuri hupima mapema atakapoishia, kwa sababu desturi hairuhusu kufunga kitabu penye kifo, ugomvi au msiba. Inabidi asogee mbele mpaka pahali pa heri. Anayesoma kwa kufuata kurasa tu hujikuta amenasa katikati ya vita usiku umeshaingia. Huko Tirur, mahali panapoitwa Thunchan Parambu, ambapo panaaminika kuwa kwa Ezhuthachan, watoto hupelekwa siku ya Vijayadashami, sikukuu ya Kihindu, waandikishwe herufi za kwanza.

Wakati huo huo, kwenye bandari, Waislamu wa Malabari, yaani Wamappila, walikuwa na njia yao, nayo ndiyo itakayomgusa zaidi msomaji wa Lamu au Pate. Waliandika Kimalayalam kwa herufi za Kiarabu, wakiongeza alama kwa sauti ambazo Kiarabu hakina, shida ile ile waliyoikabili waandishi wetu wa tenzi. Utungo wao wa kale wenye tarehe ni Muhyiddin Mala wa Qadi Muhammad wa Calicut, katika sifa na karama za Sheikh Abdulqadir Jilani. Tarehe imo ndani ya beti zenyewe: mwaka 782 wa Kollam, kalenda ya Kerala. Ongeza 825, unapata 1607. Unaanza kwa kutaja jina tukufu la Mwenyezi Mungu, sifa na sala, kwa kuwa Mtume ameagiza kuanza hivyo. Mtu aliyezoea dibaji za tenzi zetu hatahitaji kuelezwa. Kisha mtunzi anasema:

*Muththum maanikyavum onnaay kothapol*
*Muhyiddeen maalene kothen njaan lokare.*

"Kama mtu aliyetunga lulu na yakuti pamoja, nimeitunga Muhyiddin Mala, enyi walimwengu." *Mala* ni mkufu au shada, na kitenzi chake ni kile cha kupitisha uzi kwenye shanga. Kiswahili kinasema neno lilo hilo: tunatunga shanga, tunatunga utenzi.

Katika arudhi za Wamappila baadhi ya majina ni ya mwili. Kina cha herufi ya mwanzo ni kambi, kama *Mu* na *Mu* hapo juu. Kina cha silabi ya pili ni kazhuthu, shingo. Kina cha mwisho ni valkambi, cha mkiani. Neno la mwisho wa ubeti likiwa ndilo la kwanza la ubeti unaofuata, hiyo ni valummal kambi, ambayo kwetu ni pindu au mkufu. Sauti ya kuimbia inaitwa ishal, na mtunzi huitaja juu ya kila wimbo, ili mwimbaji asikisie. Fundi wao mkubwa ni Moyinkutty Vaidyar wa Kondotty (1852–1892). Akiwa na miaka 20 alitoa kisa cha mapenzi cha Badarul Munir na Husnul Jamal. 1876 akatoa utungo wa vita vya Badri. Unapouweka karibu na Utendi wa Tambuka wa Mwengo wa Athumani, ulioandikwa Pate 1728, unaona watu wa pande mbili za bahari moja wakifanya kazi moja: kuchukua maghazi ya Mtume na kuyaweka katika lugha ya nyumbani, kwa herufi za Kiarabu, kwa sauti ya kuimbwa usiku.

Kaskazini ya Malabari kuna nyimbo ambazo hazina mtunzi anayejulikana, Vadakkan Pattukal, za mashujaa wa upanga. Wanawake walizipokezana wakipandikiza mpunga. Maarufu ni kisa cha Aromal Chekavar, aliyepigana badala ya mkubwa mmoja katika ugomvi wa urithi. Binamu yake Chandu alipewa upanga aupeleke kwa mhunzi. Nyimbo zinasema alimhonga mhunzi aondoe misumari ya chuma kwenye mpini na kutia ya mti. Upanga ukavunjika katikati ya pambano, lakini Aromal akamuua adui kwa kipande kilichobaki. Alipolala apumzike, Chandu akamchoma kwa chuma cha taa. Kwa karne nyingi jina Chandu lilikuwa sawa na hiana. Mwaka 1989 M. T. Vasudevan Nair aliandika filamu ya Oru Vadakkan Veeragatha, akaigeuza hadithi: Chandu ndiye aliyedhulumiwa na waimbaji. Filamu hiyo isingekuwa na nguvu hata chembe kama watazamaji wasingekuwa na wimbo wa zamani kichwani.

Kunchan Nambiar wa karne ya 18 anastahili makala yake. Inasemekana alisinzia akipiga ngoma katika mchezo wa hekaluni huko Ambalappuzha, mchezaji akamdhihaki mbele ya watu, na siku ya pili Nambiar akatokea na mchezo wake mwenyewe, thullal, uliowavuta watazamaji wote. Ni mtu mmoja anayeimba na kucheza, nyuma yake wasaidizi wanarudia mshororo. Aina yake ya haraka, ottan, hutumia tarangini: matra 16, kituo katikati. Silabi hazihesabiwi. Mshororo ukijaa nzito una silabi nane, ukijaa nyepesi una 16, na Nambiar anacheza kati ya mipaka hiyo miwili akiorodhesha vyakula, wafanyabiashara, askari waoga na makarani walafi. Kosa la waigizaji wapya ni kushika kasi moja tangu mwanzo. Kwenye mishororo ya silabi nyepesi maneno yanasagika na kejeli haisikiki.

Na Asan? Alikuwa Mwezhava, mtu wa tabaka lililofungiwa milango ya mahekalu, mwanafunzi wa Narayana Guru, mwalimu wa dini aliyepinga ubaguzi wa tabaka, na tangu 1903 katibu wa kwanza wa SNDP, chama cha kuyaeneza mafundisho ya Guru huyo. Alichofanya ni kuufupisha utungo wa kusimulia: badala ya maisha yote ya shujaa, saa moja ya mtu mmoja. Veena Poovu (1907) ni beti 41 juu ya ua lililoanguka. Chinthavishtayaya Sita (1919), ambao kwangu ndio kilele chake, ni beti 192 na hakuna kinachotendeka: Sita, mke wa Rama aliyefukuzwa, ameketi jioni penye maskani ya mjuzi Valmiki, wanawe hawapo, anafikiri. Ni Sita yule yule wa kasuku, lakini sasa anasema mwenyewe. Rama anataka Sita arudi mbele ya watu athibitishe usafi wake tena, na Sita anauliza kama mfalme anadhani atakwenda kutoa ushahidi ndipo akae kama malkia. *Sari! Paavayo ival?* "Haya! Kwani huyu ni mwanasesere?"

Bahari yake hapo ni viyogini, ya Kisanskriti, silabi 10 na 11 kwa kupokezana, na kila nafasi uzito wake umepangwa. Hapa usivute chochote. Mkono uliozoea uhuru wa nathonnatha ndio unaoiharibu, kwa sababu hasira ya Sita imefungwa ndani ya vipimo visivyoteteleka. Asan alizama na boti huko Pallana, Januari 1924, akiwa na miaka 50.

Baada yake Changampuzha Krishna Pillai alimlilia rafiki yake aliyekufa kwa utungo wa wachungaji, Ramanan (1936). Kathaprasangam, usimulizi wa jukwaani unaochanganya nyimbo na maneno, ulizipeleka tungo kwenye viwanja vya vijiji, na V. Sambasivan akawasimulia wanavijiji hata Othello. Tamasha la sanaa la shule za Kerala, lililoanza 1957, linashindanisha watoto kwa thullal, kwa nyimbo za Mappila na kwa vanchippattu. Katika miaka ya 1970 S. A. Jameel alitunga wimbo wa barua, mke aliyeachwa Malabari akimwandikia mumewe aliyeko Dubai, kisha akatunga na majibu ya mume. Waswahili walioko Muscat na Dubai wamefanya kazi bega kwa bega na watu wa wimbo huo.

Anayetaka kuanza asianze na kitabu. Atafute sauti ya vanchippattu ya Aranmula, apige paja mpaka aisikie nane, nane, nane, tano bila kuhesabu. Kisha asikilize sehemu ya kumi na mbili ya Puthen Pana, ikighaniwa polepole na wanawake wazee. Kisha Karuna. Akifika kwa Vasavadatta, mahali *samayamaayilla polum* inaporudiwa, asikilize mwimbaji anavyolivuta lile *sa* la pili kuliko la kwanza.